Bei ya chuma cha kawaida inashuka, mbona cha transfoma hakishuki?

Msuka Koili

Wakuu, habari zenu. Ninaendesha karakana ndogo ya kutengeneza na kukarabati transfoma za kusambaza umeme, na sehemu kubwa ya fedha zangu huishia kwenye chuma cha silikoni cha kutengenezea kiini (moyo wa transfoma unaozungukwa na nyaya), kile ambacho chembe zake zimeelekezwa upande mmoja. Kwa muda sasa nimekuwa nikisoma taarifa za soko zinazosema kwamba viwanda vya chuma duniani vinazalisha kupita mahitaji na kwamba bei ya koili za kawaida (bamba refu la chuma lililoviringwa kama roli) imeteremka. Hata hivyo, kila ninapoomba bei mpya kwa wauzaji wa chuma cha transfoma najibiwa kwamba hakuna punguzo, na kwa gredi nyembamba naambiwa nisubiri miezi kadhaa.

Ninachotaka kuelewa ni iwapo bei ya bidhaa hii ina uhusiano wowote na bei ya chuma kingine na, kama uhusiano upo, kwa nini ahueni haitufikii sisi wanunuzi wadogo. Nina fedha za kununua akiba ya kunitosha karibu nusu mwaka, nami sijui kama ni busara kuzifunga kwenye koili sasa au kungoja. Aidha, yuko dalali anayeniuzia mabamba yaliyokwisha kukatwa, anayodai ni ya gredi ile ile ninayonunua, kwa bei iliyo chini sana ya koili mpya. Ameniletea cheti, lakini cheti hicho hakina namba ya koili. Naomba maoni ya wenye uzoefu na biashara hii, hasa walio upande wa ununuzi na wa forodha.

Mfuatilia Soko

Ndugu Msuka Koili, uhusiano upo, ila ni mdogo kuliko watu wengi wanavyodhani. Chuma ghafi kinachozalishwa duniani kwa mwaka ni takribani tani bilioni 1.9, na chuma cha transfoma hakifikii hata asilimia 1 ya kiasi hicho. Bei ya koili ya kawaida hufuata ujenzi, magari, madini ya chuma na makaa ya mawe, ilhali hiyo unayonunua wewe hufuata zaidi idadi ya tanuri zinazoweza kukitengeneza chuma hicho na urefu wa foleni ya watengenezaji wa transfoma waliokutangulia. Madini yakishuka bei, kiwanda hupata nafuu, lakini hakilazimiki kukugawia nafuu hiyo maadamu oda zake zimejaa.

Sababu ya tanuri kuwa chache ni ugumu wa kazi yenyewe. Chuma huyeyushwa pamoja na silikoni ya karibu asilimia 3, huviringishwa kikiwa cha moto, kisha kikiwa baridi hadi kufikia unene wa milimita 0.35, 0.30, 0.27 au 0.23, huondolewa kaboni, hupakwa oksidi ya magnesi, halafu koili nzima huwekwa kwa siku kadhaa katika tanuri yenye haidrojeni na joto linalofikia takribani nyuzi 1,200 za Selsiasi. Humo ndimo chembe chache zenye mwelekeo unaofaa zinapozimeza nyingine na kukua hadi kuonekana kwa macho. Mwelekeo huo unaitwa kwa jina la Mmarekani Norman Goss, aliyepata hataza ya njia hiyo mwaka 1934. Kosa dogo la kemikali wakati wa kuyeyusha hujitokeza mwishoni kabisa, gharama zote zikiwa zimeshaingia, na ndiyo maana mwenye kiwanda cha mabati ya kuezekea hawezi kuvutiwa na bei nzuri akaamua kuhamia huku mwakani.

Wanaokiweza wanafahamika kwa majina: Nippon Steel na JFE za Japani, POSCO ya Korea Kusini, Baowu, Shougang na wengine wa China, thyssenkrupp iliyoko Gelsenkirchen na Isbergues, Stalprodukt ya Poland, NLMK ya Urusi, Aperam kwa upande wa Brazili, na Cleveland-Cliffs, ambayo ndiyo mzalishaji pekee nchini Marekani tangu ilipoinunua AK Steel mwaka 2020. Nchini India, JFE na JSW walikamilisha Januari 2025 ununuzi wa kiwanda cha Nashik kilichokuwa cha thyssenkrupp. Baada ya hapo orodha haiendelei sana.

Upande wa mahitaji, jambo moja halizungumzwi vya kutosha. Katika Umoja wa Ulaya, hatua ya pili ya masharti ya ufanisi wa transfoma ilianza Julai 2021, na nchini China kiwango cha GB 20052-2020 kilianza kutumika Juni 2021. Masoko mawili makubwa yaliamua, ndani ya muda wa mwezi mmoja, kwamba transfoma mpya zipoteze umeme kidogo zaidi zikiwa hazina mzigo, na njia rahisi ya kufanya hivyo ni kutumia chuma chembamba chenye gredi ya juu. Baadaye yakaongezeka mahitaji ya mitambo ya jua na upepo, vituo vya kuhifadhi data, na magari ya umeme. Magari hayo hutumia chuma cha namna nyingine, kisicho na mwelekeo, lakini kwa baadhi ya wazalishaji aina hizi mbili hugombania karakana ile ile ya kuyeyushia na mitambo ile ile ya kuviringishia.

Kwa hiyo usiulize bei ya chuma cha transfoma kana kwamba ni bidhaa moja. Gredi za kawaida za milimita 0.30 na 0.35 zinaweza kulala ghalani huku za milimita 0.23 zikigawanywa kwa mgao. Muulize muuzaji bei ya kila gredi peke yake, na utaona tofauti ambayo wastani wa soko unaificha. Zaidi ya hayo, koili ya kawaida ina masoko ya mikataba ya baadaye ambako mnunuzi anaweza kujikinga na mabadiliko ya bei, jambo ambalo chuma chako hakina. Kinga yako ni mkataba wa robo mwaka au nusu mwaka na muuzaji, na wakati mwingine stoo.

Karani wa Forodha

Nakubaliana na ndugu Mfuatilia Soko kuhusu tanuri, lakini sehemu ya bei hii hutengenezwa mpakani. Ni bidhaa chache za chuma zilizoandamwa na mashauri ya kibiashara kama hii.

Mfano ulio wazi zaidi ni wa Umoja wa Ulaya. Oktoba 2015 uliweka hatua za kukabiliana na chuma hiki kilichokuwa kikiingizwa kwa bei ya kutupa kutoka China, Japani, Korea Kusini, Urusi na Marekani. Badala ya kutoza asilimia fulani kwa kila koili, ulipanga bei za chini za kuingizia kulingana na upotevu wa umeme: Euro 2,043 kwa tani kwa gredi zisizozidi wati 0.9 kwa kilo, Euro 1,873 kwa zinazozidi hapo hadi wati 1.05, na Euro 1,536 kwa zilizobaki. Atakayeuza chini ya bei hizo hulipishwa ushuru wa kufidia tofauti, na viwango vya ushuru huo vilipangwa kati ya asilimia 21.5 na 39. Januari 2022 hatua hizo ziliongezewa miaka mitano. Utaratibu wa namna hii hulala soko linapopanda, kwa kuwa bei halisi ikiwa juu ya kima hicho hakuna anayelipa kitu. Huamka pale tu bei zinapotaka kuporomoka. Hiyo ni sababu mojawapo ya wewe kuona bei inapanda haraka na kushuka kwa kusitasita, hata kama wewe mwenyewe hununui Ulaya, kwa sababu muuzaji yule yule ana wateja huko na anajua sakafu yake iko wapi.

Marekani mambo yalikwenda kwa njia nyingine. Mwaka 2014 tume yake ya biashara ya kimataifa ilikataa kuweka ushuru wa aina hiyo, baada ya kuona kwamba viwanda vya ndani havikuwa vimedhurika kwa kiwango kinachotakiwa na sheria. Machi 2018 ukaja ushuru wa asilimia 25 kwa chuma chote kwa hoja ya usalama wa taifa, lakini viini na mabamba yaliyokatwa havikuguswa. Matokeo yake yalitabirika: koili zilipelekwa Kanada na Meksiko, zikakatwa huko, zikaingia Marekani zikiwa viini. Mwaka 2020 serikali ilianzisha uchunguzi kuhusu suala hilo hilo, na mwaka 2025 ushuru wa chuma ulipandishwa hadi asilimia 50, huku orodha ya bidhaa zitokanazo na chuma ikipanuliwa. China nayo iliwahi kuuwekea chuma cha Marekani ushuru mwaka 2010, ikashindwa mbele ya Shirika la Biashara Duniani mwaka 2012, na miaka michache baadaye ikauondoa.

Faida kwako wewe usiye katika masoko hayo ni kwamba tani zinazozuiwa mlango mmoja hutafuta mlango mwingine, na mara kwa mara utapata ofa nzuri ya koili safi iliyokuwa imekusudiwa kwingine. Ofa za namna hiyo hazidumu, na ndizo zinazohitaji fedha iliyo tayari.

Kuhusu nyaraka, angalia namba ya uainishaji kabla ya kuagiza. Koili yenye upana wa milimita 600 au zaidi huingia chini ya 7225.11, na iliyo chini ya upana huo ni 7226.11. Viini vilivyokwisha kuundwa huingia kwenye 8504.90, kama sehemu za transfoma. Nimeona mizigo ikizuiliwa kwa sababu muuzaji aliandika chuma kisicho na mwelekeo, 7225.19, ilhali cheti cha kiwanda kilisema vingine. Mwenye mzigo ndiye anayelipa gharama za kuhifadhi bandarini wakati wakubwa wanabishana juu ya tarakimu mbili za mwisho.

Mzee wa Manunuzi

Mimi napingana kidogo na wazo la kuweka akiba ya nusu mwaka. Ukiwa na oda za transfoma zilizosainiwa kwa bei isiyobadilika, nunua chuma cha oda hizo siku ile ile unayosaini, wala usijadiliane na nafsi yako. Chuma cha oda ambazo bado ni matumaini usikinunue, kwa sababu mteja akibadili sharti la upotevu utabaki na gredi isiyomfaa.

Halafu kuna chuma amofasi, yaani kisicho na chembe zilizopangika, ambacho hakijatajwa. Utepe wake una unene wa takribani milimita 0.025, hutengenezwa kwa kupoza aloi ya chuma, boroni na silikoni kwa ghafla mno, na upotevu wake transfoma ikiwa haina mzigo unaweza kuwa pungufu kwa karibu asilimia 70. Januari 2023 Wizara ya Nishati ya Marekani ilipendekeza kanuni ambayo ingesukuma karibu transfoma zote mpya za usambazaji kwenye chuma hicho. Watengenezaji walilalamika kwamba utepe usingetosha, na kanuni ya mwisho ya Aprili 2024, inayoanza kutekelezwa mwaka 2029, iliacha takribani asilimia 75 ya soko kwenye chuma chetu hiki. Wazalishaji wa utepe, Proterial ya Japani na kampuni za China, ni wachache kuliko hata hawa waliotajwa juu. Kwa karakana ndogo sishauri kuhamia huko sasa: utepe ni mgumu kukata na huvunjika kirahisi, na kiini chake huwa kikubwa zaidi kwa kuwa hushiba sumaku kwenye tesla 1.56 hivi (tesla ni kipimo cha nguvu ya sumaku), wakati chuma cha silikoni hufika karibu tesla 2.03. Nautaja kwa sababu ndio unaowazuia wenye tanuri kupandisha bei bila kikomo.

Msuka Koili

Nawashukuru sana. Nimefuata ushauri wa kuuliza kila gredi peke yake, na kweli nimekuta pengo ambalo sikulitarajia. Sasa nina ofa mbili mezani kutoka kwa muuzaji mmoja: M120-27S iliyopo ghalani, tayari kuchukuliwa, na M85-23P ambayo ni ghali zaidi na ni ya kungoja. Mteja wangu hajataja gredi, ametaja tu kwamba atapima upotevu wakati wa kupokea. Je, nipimeje kama nyongeza ya bei inastahili? Na suala la yule dalali bado linanisumbua.

Mhandisi wa Viini

Ndugu, majina hayo ya gredi yanajieleza yenyewe. Katika mfumo wa Ulaya, 120 maana yake ni upotevu usiozidi wati 1.20 kwa kilo kwenye tesla 1.7 na hezi 50, 27 ni unene wa milimita 0.27, na S ni aina ya kawaida. M85-23P ni wati 0.85, milimita 0.23, na P huonyesha aina inayopitisha sumaku kwa wepesi zaidi. Wachina huandika 23QG085 kwa maana hiyo hiyo. Mfumo wa zamani wa Marekani wa M-3, M-4, M-5 na M-6 una vipimo vya hezi 60 na wati kwa pauni, kwa hiyo usiviweke kwenye safu moja na hivi bila kubadilisha.

Chukua kiini cha kilo 1,000. Tofauti ya gredi zako mbili ni wati 0.35 kwa kilo, yaani wati 350 kwa kiini kizima. Transfoma ya kusambaza umeme huwa imewashwa saa zote 8,760 za mwaka, iwe ina mzigo au haina, na hivyo tofauti hiyo ni kilowati-saa 3,066 kila mwaka, kwa miaka yote ambayo mashine itakaa kwenye nguzo. Zidisha kwa bei ya umeme anayolipa mteja wako, kisha linganisha na nyongeza ya bei ya chuma. Kwa kweli tofauti halisi huwa kubwa kuliko hiyo, kwa sababu viungo vya kiini na msukosuko wa kukata huongeza upotevu juu ya ule wa bamba tupu. Kwa upande wa pili, ongeza gharama za kazi: rundo la milimita 100 lina mabamba 370 hivi ya milimita 0.27, na karibu 435 ya milimita 0.23, na kila bamba lazima likatwe na kupangwa. Wengi huisahau hesabu hii ya mikono. Mteja akiwa ndiye anayelipa umeme, mwonyeshe hesabu zote mbili na umwache achague, badala ya wewe kubeba nyongeza hiyo kimya kimya.

Kuhusu dalali, cheti kisicho na namba ya koili hakithibitishi chochote, kwa kuwa kiwanda hupima kila koili na namba ndiyo inayounganisha karatasi na chuma. Mabamba ya bei hiyo mara nyingi hutoka kwenye transfoma zilizochakaa, yakakatwa upya. Yakague kwenye mwanga mzuri: matundu ya bolti yaliyokatwa nusu ukingoni, madoa ya mafuta kwenye makali, ngozi ya kihami (inayozuia umeme kupita) iliyokwaruzwa, unene unaobadilika ndani ya tita moja. Pima unene kwa maikromita kwenye mabamba kadhaa ya juu, ya kati na ya chini. Ukikuta 0.27 na 0.30 yamechanganywa, mazungumzo yameisha hapo.

Yakipita ukaguzi huo, omba sampuli zipelekwe kwenye kipimo cha Epstein, kile cha kupima upotevu wa mabamba, ambacho hutumia vipande vyenye upana wa milimita 30 na urefu wa milimita 280 hadi 320, kwa utaratibu wa kiwango cha kimataifa cha IEC 60404-2. Usikubali maelezo kwamba kuyachoma tena mabamba kunayarudisha kuwa mapya. Kuyapasha joto la nyuzi 800 hivi, katika hewa iliyodhibitiwa, huondoa mkazo uliotokana na kukunjwa na kukatwa, lakini gredi ya chini haigeuki kuwa ya juu, na ngozi iliyobanduka hairudi. Mabamba yakigusana bila kihami, mikondo ya ndani hutiririka kutoka bamba moja hadi jingine, na upotevu utakaopimwa na mteja wako hautalingana na cheti chochote.

Ukiamua kununua, kwa huyo dalali au kwa mwingine, andika kwenye oda upotevu wa juu kabisa unaoukubali, kwa wati kwa kilo kwenye tesla 1.7 na hezi 50, ukitaja maabara itakayopima, na uweke kipengele cha makato kwa kila sehemu ya wati itakayozidi. Muuzaji wa koili safi huisaini oda ya namna hiyo bila shida, kwa sababu yeye mwenyewe ameahidiwa hivyo na kiwanda.